Jina la Mtoto na Ukweli wa Maana Yake

(Mazungumzo yaliyotolewa mbele ya wanafunzi wa zamani na wanafunzi wa sasa katika mkutano wetu wa mwaka. Yamechapwa kama yalivyosemwa, ila salamu zimefupishwa.)



Kitendawili! (Wanafunzi: Tega!) Ni changu, lakini wenzangu hukitumia kuliko mimi. Naam, nimewasikia: ni jina. Mmepata, wala sina haja ya kuomba mji.

Kamati iliponitaka nizungumze nanyi leo iliniachia hiari ya kuchagua jambo. Wenzangu walionitangulia miaka iliyopita walizungumza juu ya kilimo, afya na biashara. Mimi nimefundisha Kiswahili, na kwa sababu hiyo majirani zangu hunijia mara kwa mara na swali moja: "Mwalimu, jina hili maana yake nini?" Wengine huja kabla mtoto hajapewa jina. Wengine huja baada ya ugomvi kuzuka. Kwa hiyo nimeona niwaeleze namna ya kulichunguza jina ili mjue maana yake ni ya kweli au ni ya kubuniwa. Nanyi vijana msidhani kwamba mambo haya ni ya wazee. Miaka si mingi mtaitwa baba na mama.

Mji wa majina mengi na kinywa kimoja

Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 5,383,728 katika Mkoa wa Dar es Salaam. Watu hao, au wazazi wao, wametoka pembe zote za nchi yenye lugha zaidi ya 100. Hebu piteni uchochoro mmoja wa Tandika au Mbagala kule Temeke, au wa Mwananyamala kule Kinondoni, wakati wa magharibi, akina mama wanapowaita watoto waingie ndani. Mtasikia Mwanahamisi, Kulwa na Doto, Elibariki, Mabula, Kondo, Saumu, Asha. Kulwa na Doto ni mapacha wa Usukumani na Unyamwezini, Kulwa ndiye aliyetangulia kuzaliwa. Mabula ametokana na mbula, yaani mvua kwa Kisukuma. Hao wengine nitawataja mmoja mmoja.

Majina hayo yametoka mbali mbali, lakini yote huitwa kwa kinywa kimoja, kinywa cha Kiswahili. Kinywa hicho hulainisha kila kinachopita ndani yake kama maji ya mto yanavyolainisha mawe. Maneno mawili yaliyokuwa hayana undugu wowote, yakishapita humo, hutoka yamefanana kama shilingi kwa ya pili. Hapo ndipo makosa yanapozaliwa. Mtu husikia jina, hulifananisha na neno analolijua, akatangaza kwamba amepata maana.

Mtaniuliza: hata maana ikikosewa, kuna hasara gani? Hasara ipo. Nimeona mtoto akichekwa darasani kwa maana ambayo jina lake halina. Nimeona jina la bibi likitupwa kwa sababu ya uvumi. Nimeona pia jina tupu likipambwa kwa maana tamu iliyotoka hewani, mtoto akakua akiwasimulia wenzake uongo bila kujua. Jina ni urithi wa kwanza ambao mtoto anaupokea. Si haki kumrithisha fedha bandia.

Swali la kwanza: jina hili ni la lugha gani?

Usiulize maana kabla hujauliza lugha. Hili ndilo neno langu kubwa leo, nanyi mkilishika hili tu itatosha.

Chukueni Saumu. Msichana mwenye jina hili aghalabu hutaniwa na wenzake kwamba yeye ni kitunguu. Watani hawajui kwamba hapa yamekutana maneno mawili ya Kiarabu. Moja huandikwa kwa herufi ya swadi, nalo ni funga, ile ya mwezi wa Ramadhani. La pili huandikwa kwa herufi ya the, kama th ya thamani, nalo ndilo lililotupatia kitunguu saumu, ambacho wengine mpaka leo hukiita kitunguu thomu. Kiswahili kimeyalaza kitanda kimoja. Jina la msichana limetoka katika funga. Mwalimu wa chuo cha Kurani akiandika maneno hayo mawili ubaoni, hata mtoto wa miaka saba ataona tofauti, na utani utakwisha siku hiyo hiyo.

Chukueni Asha. Asha wa pwani yetu ni Aisha, jina la Kiarabu lenye maana ya aliye hai. Mzizi wake ndio uliotupatia maneno kuishi na maisha, kwa hiyo Asha na maisha ni ndugu wa tumbo moja. Lakini katika mji huu huu, mitaa ya Upanga, utamkuta Asha binti wa Kihindi, na jina lake limetoka katika Kisanskriti, maana yake ni tumaini. Wakikaa dawati moja, mwalimu atawaita kwa sauti moja. Anayesema "Asha maana yake ni tumaini" amesema kweli kwa mmoja na amekosea kwa mwingine.

Chukueni Amani. Kwetu ni utulivu, hali ya kutokuwa na vita. Mwarabu akimwita binti yake Amani, kwa kawaida anakusudia neno jingine, lenye maana ya matumaini na mambo yanayotamaniwa. Zote mbili ni sahihi, kila moja nyumbani kwake. Hapa hakuna wa kumsahihisha mwenzake.

Chukueni Baraka, jina linalopendwa na Waislamu na Wakristo sawia. Wengi wetu tunajua ni neema itokayo kwa Mungu, na jina la Barack Obama, aliyekuwa Rais wa Marekani toka 2009 hadi 2017, limetoka katika mzizi huo huo. Lakini fungueni Biblia ya Kiswahili, kitabu cha Waamuzi, sura ya 4. Mtamkuta jemadari aliyekwenda vitani pamoja na nabii Debora, naye anaitwa Baraka. Jina lake la Kiebrania lina herufi nyingine mwishoni, na maana yake ni umeme wa radi. Mzazi aliyemchagulia mwanawe jina la jemadari huyo amempa radi, na aliyechagua neno la Kiswahili amempa neema. Ukiwaangalia watoto wote wawili katika daftari la mahudhurio, huwezi kuwatenganisha. Ni lazima uwaulize wazazi.

Swali la pili: umbo lake linakubali?

Ukishaambiwa lugha, ijaribu sarufi ya lugha hiyo. Hapa ndipo nyinyi wanafunzi mnapoweza kuwashinda wazee, kwa maana ngeli na minyambuliko mnayo kichwani bado.

Mwaka 1994 ilitoka filamu ya katuni ya Kimarekani, The Lion King, yenye wanyama waliopewa majina ya Kiswahili. Simba ni simba kweli. Rafiki ni rafiki kweli. Pumbaa ni kitenzi chetu halali, na Shenzi kila mtu anamjua. Kwa kuwa hao ni wa Kiswahili, watu wakadhani wote ni wa Kiswahili. Basi leo utaona katika orodha nyingi za majina ya watoto kwamba Nala ni neno la Kiswahili lenye maana ya zawadi. Haya, vijana wa kidato cha nne, zawadi kwa Kiswahili ni nini? Ni zawadi. Ni tunu. Ni hidaya. Nala haimo. Ukiing'ang'aniza sarufi ikupe jibu, itakupa kitenzi cha kula katika wakati ule wa -a-, kama vile wazee wanavyosema nala wali, naja, nataka. Yaani "ninakula". Kwa simba jike si jina baya, lakini mzazi aliyemwita bintiye hivyo akidhani ni zawadi afadhali ajue.

Zuri nalo limeenea huko ng'ambo. Hili halijabuniwa, ila ni neno lililokatwa mkono. Kivumishi chetu ni -zuri, na hakisimami peke yake: mtu mzuri, nyumba nzuri, kitu kizuri. Zuri kamili linakwenda na ngeli ya jicho na tunda, na kwa bahati njema na jina pia: jina zuri. Mzazi wa Kiswahili anayetaka maana hiyo amekuwa akisema Jamila, au Hasina, na kazi ikaisha.

Mtashangaa kwa nini nazitaja orodha za ng'ambo hapa Temeke. Sababu ni kwamba zinaturudia. Toka miaka ya 1960 Wamarekani Weusi walitafuta majina ya Kiafrika ili kujivua yale waliyoachiwa na mabwana wa utumwa, na Kiswahili kikawa chemchemi yao mojawapo. Mwaka 1966 Maulana Karenga alianzisha sikukuu ya Kwanzaa, yenye nguzo saba za maneno ya Kiswahili: Umoja, Kujichagulia, Ujima, Ujamaa, Nia, Kuumba na Imani. Vitabu vya majina vikaandikwa, na vingine viliandikwa na watu wanaojua. Sharifa Zawawi, mwalimu wa Kiswahili huko New York, alichapisha mwaka 1993 kitabu ambacho sehemu ya anwani yake ni swali letu wenyewe, Unaitwaje? Nia ya ndugu zetu hao ni ya kuheshimiwa sana. Lakini kuna wanakili ambao hawajui lugha. Wao hunakiliana, mmoja akikosea wote hukosea, kisha kijana wa Mbagala hupokea orodha hiyo katika simu yake na kuamini kwamba amefundishwa Kiswahili. Maji yamepanda mlima.

Jambo jingine la umbo ni kukata neno mahali ambapo halikatiki. Angalieni jina la soko letu, Kariakoo. Ukilikata utapata koo, na utatunga hadithi ya mtu na koo lake mpaka kuche. Ukweli ni kwamba limetokana na maneno ya Kiingereza Carrier Corps, kikosi cha wapagazi waliowabebea Waingereza mizigo katika Vita Kuu ya Kwanza. Au angalieni Elibariki, jina lililotujia sana kutoka Kilimanjaro, Upare na Arusha. Orodha zitasema ni la Kiebrania. Nusu ndiyo: Eli ni Mungu kwa Kiebrania. Lakini bariki ni Kiswahili chetu, nacho tulikichukua kwa Waarabu. Na Aikaeli, kichwa chake aika ni asante ya Kichaga. Majina haya yalifinyangwa na Wakristo wa kwanza wa huko kaskazini kwa udongo wa aina mbili au tatu. Anayetafuta asili moja tu atapoteza siku yake.

Hata silabi moja inaweza kukudanganya. Mwa- ya Mwajuma na Mwanahamisi ni mwana, yaani binti wa Ijumaa na binti wa Alhamisi. Mwa- inayoanza majina ya koo za Wanyakyusa huonyesha uzao wa mzee fulani wa ukoo. Si kitu kimoja.

Swali la tatu: kalenda inasemaje?

Majina mengi ya pwani yetu ni tarehe. Juma alizaliwa Ijumaa, Jumanne alizaliwa Jumanne, Hamisi alizaliwa Alhamisi. Rajabu, Shabani na Ramadhani ni miezi. Maulidi ni wa mfungo sita. Chausiku alizaliwa usiku. Maana za namna hii zina heri moja: zinaweza kupimwa.

Lakini pimeni kwa mizani ya waliotoa jina. Juma letu lina watano wawili. Jumatano ni siku ya tano ukihesabu kutoka Jumamosi, kama Waswahili wanavyohesabu. Alhamisi nayo ni ya tano kwa Kiarabu, kwa kuwa Waarabu huhesabu kutoka Jumapili. Kwa hiyo ukisikia kwamba Hamisi maana yake ni "wa tano", usimtafute katika siku ya Jumatano, wala usidhani ni mtoto wa tano wa mama yake.

Tena, siku ya wazee wetu huanza jua linapotua. Siku ya hospitali huanza saa sita za usiku. Mtoto aliyezaliwa Alhamisi saa mbili usiku amezaliwa usiku wa Ijumaa kwa hesabu ya nyumbani, naye ni Juma halali. Kadi ya kliniki itasema Alhamisi. Nimewahi kuletewa kijana mwenye shaka ya namna hiyo, akidhani wazazi wake hawakujua siku. Walijua sana.

Miezi ya Kiislamu nayo husogea siku kama 11 kila mwaka. Mwezi wa Ramadhani wa mwaka 1980 uliangukia Julai na Agosti, na wa mwaka 1990 uliangukia mwishoni mwa Machi na Aprili. Akikujia Ramadhani mwenye cheti cha Desemba 1980, usimwambie cheti ni cha uongo. Muulize kwanza kama amerithi jina la babu. Jina likisharithiwa, tarehe yake inabaki kwa babu.

Swali la nne: nani alilitoa, na kwa nini?

Hili ndilo swali ambalo kamusi hailijibu. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya mwaka 1981 na zilizofuata ni hazina yetu, na hakuna nyumba ya mwanafunzi inayofaa kuikosa. Lakini kamusi inaeleza maneno, haielezi watu. Itakuambia tabu ni nini. Haitakuambia ni tabu gani iliyokuwa nyumbani siku Tabu alipozaliwa. Itakuambia kujua ni nini. Haitakuambia mama yake Sikujua alikuwa hakujua nini.

Mfano mkubwa tunao katika jina la Baba wa Taifa. Nyerere lilikuwa jina la baba yake, Mtemi Burito, na kwa Kizanaki ni viwavi. Alipewa kwa kuwa alizaliwa wakati viwavi walipovamia nchi. Mwanawe aliyezaliwa mwaka 1922 aliitwa kwanza Mugendi, yaani mwenda kwa miguu, kisha akabadilishiwa akaitwa Kambarage, jina la pepo wa mvua. Alipobatizwa mwaka 1943 akaongeza Julius, jina la ukoo wa Kirumi. Majina matatu, na kila moja lina sababu yake. Hakuna kamusi moja duniani ambayo ingeyafungua yote matatu. Yamejulikana kwa sababu waliokuwapo walisimulia na wengine wakaandika.

Sasa niwape kisa cha mtaani kwetu. Familia moja ya Temeke ilipata mtoto wa kiume, na upande wa baba ukataka arithi jina la babu wa baba yake, Kondo. Mama wa mtoto, msomi, mzaliwa wa bara, akafungua kamusi. Akakuta kondo la nyuma, lile linalotoka baada ya mtoto kuzaliwa. Akasema mwanawe hataitwa hivyo. Mawifi wakasema anadharau ukoo. Wakwe wakasemeana maneno mazito, na mahali pa jina katika kadi ya mtoto pakabaki patupu kwa majuma mengi. Ndipo nikaitwa.

Sikuwa na jibu mfukoni, nilikuwa na maswali yangu tu. Mzee Kondo alizaliwa wapi? Upande wa Kisarawe. Nyumbani walisema lugha gani? Kizaramo. Basi kamusi ya Kiswahili tukaifunga, tukaenda kwa shangazi mkubwa, binti yake mzee huyo, aliyekuwa bado hai na mwenye akili timamu. Akatucheka kidogo. Kwa Wazaramo, na kwa ndugu zao Wazigua, kondo au nkondo ni vita. Baba yake alizaliwa katika vita ile ya Wajerumani na Waingereza, na babu yake shangazi alikuwa amechukuliwa kubeba mizigo ya jeshi. Hakurudi, na hapana aliyejua kaburi lake. Mtoto aliyezaliwa nyuma yake akaitwa Kondo ili lisisahaulike jambo lililomchukua baba.

Ndugu zangu, Waingereza waliingia Dar es Salaam tarehe 4 Septemba 1916. Historia hiyo sote tuliisoma humu shuleni. Soko letu linabeba jina la wapagazi wa vita ile mpaka leo. Na kumbe katika chumba kimoja cha kupanga Temeke kulikuwa na jina jingine la vita ile ile, nalo lilikuwa karibu litupwe kwa sababu ya ukurasa mmoja wa kamusi isiyohusika. Mzee yule hakuwa na cheti cha kuzaliwa. Jina lake ndilo lililokuwa cheti. Mama wa mtoto alikaa kimya muda mrefu. Kisha akaomba kadi, akaandika jina alilolichagua yeye, na la pili, kwa mkono wake mwenyewe, Kondo.

Sisemi kwamba kila Kondo ni wa vita ile. Kila nyumba ina shangazi wake wa kuulizwa.

Maana isiyopendeza

Kuna watakaouliza: je, nikichunguza nikakuta maana chungu? Nitawajibu kwa jina Mtumwa, ambalo bado lipo pwani na visiwani. Kwa umbo, mtumwa ni aliyetumwa, na washairi wetu wa kale walimwita Mtume Muhammad kwa neno hilo hilo. Mwenye jina hili anaweza kusimama kwa fahari juu ya maana hiyo. Lakini pwani hii ilijua pia utumwa wa minyororo. Soko la watumwa la Zanzibar lilifungwa mwaka 1873, na katika Tanganyika utumwa ulifutwa kisheria mwaka 1922 tu. Kwa hiyo kuna nyumba ambako jina hili, na Kitwana, na Kijakazi, yalitolewa na bwana. Na kuna nyumba ambako mzazi huru alimpa mwanawe jina la unyonge kwa kusudi, ili mauti yaliyochukua ndugu zake yampite na kumwona si kitu. Ni sababu tatu mbali mbali kwa maneno yale yale. Usimpambe mtu kwa ya kwanza wala usimshushe kwa ya pili mpaka nyumba yake imesema.

Na mtu akishajua ukweli akaona hataki tena jina hilo, sheria inamruhusu kulibadili. Hana kosa. Ila abadili kwa kujua, asibadili kwa kuchekwa.

Mambo machache ya kushika

Sipendi kuwachosha, na naona harufu ya pilau imekwisha tufikia. Nimalizie kwa mashauri.

Kwanza, shahidi mmoja hatoshi. Na vijitabu kumi vilivyonakili kijitabu kimoja ni shahidi mmoja. Tafuta mzungumzaji wa lugha yenyewe.

Pili, kuwa na tahadhari na hadithi tamu. Wenyeji husimulia kwamba Mwananyamala ni mama aliyekuwa akimbembeleza mtoto, "mwana, nyamala", na nyamala kwa Kizaramo ni kunyamaza. Neno linakubali, kwa hiyo lugha imethibitika. Mama na mtoto wenyewe hawajathibitika kwa hilo. Kujua neno ni jambo moja, kujua tukio ni jambo jingine.

Tatu, jina likiwa la Kiarabu, mwombe anayejua akuandikie kwa herufi zake. Sauti zilizopotea katika kinywa chetu zinabaki katika maandishi.

Nne, mkishakubaliana juu ya jina, liandikeni kwa tahajia moja toka kadi ya kliniki hadi cheti cha RITA, shule na kitambulisho cha taifa. Hamisi na Khamis ni jina moja kwa bibi, lakini kwa karani ni watu wawili. Nyinyi wa kidato cha nne tazameni majina yenu kabla ya fomu za mtihani kwenda.

Tano, na hili ni kwenu wadogo zetu. Likizo hii kila mmoja anunue daftari. Andika jina lako, la baba, la mama, la babu na bibi pande zote mbili. Mbele ya kila jina andika lugha, maana, aliyelitoa na sababu. Palipo wazi, panda daladala uende ukaulize. Chama cha Kiswahili na Chama cha Historia mkikusanya madaftari hayo, maktaba ya shule hii itakuwa na kitabu ambacho hakipo popote. Nimezungumza na Mkuu wa Shule, naye ameahidi kabati.

Fanyeni upesi. Kamusi itawangoja mwaka mzima juu ya rafu. Yule shangazi wa Temeke alituacha mwaka uliofuata.